Filamu ya Kitelugu Niliyomtafsiria Lionel

Kimanga, Uvira
Tarehe 12 Septemba 2024

Mpendwa mdogo wangu Olive,

Pokea salamu za sisi tuliobaki hapa ziwani. U mzima? Ile homa ya Hyderabad imekuachia? Na masomo ya uuguzi huko India yanakwendaje? Sisi tunapumua. Mama miguu inamvimba, lakini chakula anaonja.

Najua unangoja habari za Lionel. Hakuna. Huu ni mwezi wa nne tangu mdogo wetu apande milimani na wale vijana wenye bunduki, na simu yake haiiti.

Nakuandikia juu ya ile filamu uliyonitumia, ya wanafunzi wa chuo. Tuliionyesha kwenye ukumbi wa video Jumapili moja mchana, Lionel akiwa bado hapa, watu wakajaa hadi mlangoni. Kazi yangu unaijua: nashika mikrofoni, waigizaji wanasema Kitelugu, mimi nawasemea kwa Kiswahili. Kitelugu chenyewe sijui hata neno la kuombea maji. Natazama macho na midomo, nabuni. Miaka tisa watu wamenisifu kwa uongo huo, na kichwa kikanivimba.

Yule kijana mkuu, ambaye ulisema ndiyo filamu yake ya kwanza, anacheza dansi kama mtu aliyeazima viatu. Tulimcheka sana. Kisha akapanda juu ya meza ya kantini, bendera mkononi, msichana wake akimtazama, na ukumbi wote ukanyamaza. Nikamwekea maneno: Acheni madaftari! Nchi haingoji diplome! Vijana wakasimama, wakapiga makofi. Lionel alikuwa benchi la mbele. Wiki ile ile akaondoka, Examen d'État, mtihani wa kumaliza sekondari, ikiwa imebaki siku ishirini. Madaftari yake yote alimwachia Kaneza, mchumba wake.

Halafu wewe, unayekielewa Kitelugu sasa, ukaniambia kwamba pale mezani kijana anawasihi wenzake wabaki darasani. Wabaki, Olive! Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mpaka nimeukariri. Mikrofoni nimeirudisha kwa mwenyewe. Na usiniambie si kosa langu, nitakasirika.

Mwisho wa filamu hatukuuona siku ile, maana jenereta iliishiwa mafuta. Juzi asubuhi Mama alitaka kuiona filamu iliyomchukulia mwanawe. Nikamwekea kwenye simu, nikaketi naye, nikamweleza taratibu bila kuongeza chumvi. Mwishoni likaja sanduku la maiti limefunikwa bendera, na ndani yake ni yeye, yule kijana. Nikamwambia Mama ni mwanafunzi mwingine, yule wetu anarudi na gari linalofuata.

Mama akasogeza simu karibu na macho. "Libérat, kama ni mwengine, ule binti iko analilia nani?"

Akanirudishia simu, akaenda kuanua nguo. Za Lionel anazifua kila wiki.

Shangazi Pélagie anakusalimu sana. Kaneza pia, ingawa siku hizi hapiti tena kwetu. Mungu akutunze huko ugenini, maana kwa huku sijui tena nimwombe nini.

Jumapili Mama atakupigia. Anasema wewe ndiwe unayejua lugha yao, na anataka kukuuliza aliyemo sandukuni ni nani. Nakusihi, mdogo wangu, mtafsirie kama nilivyomtafsiria mimi.

Kaka yako anayekupenda bado,
Libérat