Mkwe Wangu Ananilisha Vizuri

Jumanne, 4 Februari

Ukungu mpaka saa tatu. Mgongo unauma upande wa kushoto, kawaida yake siku za ukungu.

Nimeshinda sokoni Uyole na sindano yangu na kamba ya katani. Kazi ndogo. Tangu mvua ya mawe ya mwezi uliopita wakulima wanaleta viazi kwenye viroba, na kiroba hakihitaji mtu wa kushona mdomo. Nimeshona gunia moja tu la lumbesa, lililojazwa kupita mdomo, la mama aliyeogopa lisipasuke njiani.

Sanga kapita, tuliyekuwa tukiendesha naye malori ya Tunduma. Kaniuliza naishije nyumba moja na mama mkwe. Nikamweleza. Alikuja kutoka Kilolo mke wangu alipofariki, kulea watoto wa binti yake. Yeye analala chumbani na watoto, mimi sebuleni. Yeye anakula jikoni, jiko la nje, mimi nakula ndani. Sijawahi kukaa naye chumba kimoja wala kumpa mkono. Yeye Mhehe, mimi Msafwa, lakini kwenye hili tumelelewa sawa. Akiwa na neno anamtuma Edina, mwanangu mkubwa. Nikiwa na neno namtuma Edina. Sanga kacheka mpaka kafuta machozi. Kasema Edina anatakiwa apewe mshahara.

Nyuma ya nyumba mahindi yamechanikachanika, maharage yameoza. Nimeenda kuyaangalia tena. Sijui nilikuwa naangalia nini.

Alhamisi, 6 Februari

Mvua ya kawaida. Mzee Ambokile, balozi wetu wa nyumba kumi, kapita nyumba kwa nyumba. Serikali inaleta mahindi ya msaada kwa kaya zilizopigwa na mvua ya mawe na ambazo hazina namna nyingine. Kila mwezi, mpaka viazi vya msimu ujao vikomae. Mkutano Jumapili. Wananchi watataja majina wenyewe, halafu watakuja wahojaji kuhakiki majumbani.

Sipendi neno kuhakiki.

Jumapili, 9 Februari

Mkutano ofisi ya mtaa. Watu wengi kuliko siku ya uchaguzi. Bwana mmoja mwenye nyumba ya wageni kajitaja mwenyewe. Watu wakamzomea, naye akacheka nao, akakaa. Angalau alijaribu.

Jina langu kalitaja Mama Tumaini, jirani. Kasema mgongo wangu, mke wangu, shamba langu, vyote kwa sauti ya kuuza nyanya. Nimeendesha semi miaka mingi. Watu wa mtaa huu walikuwa wananiomba lifti. Leo wananionea huruma huku wanatafuna miwa.

Mwenyekiti wa mtaa kauliza kama nakubali kuwekwa. Nimenyoosha mkono. Ulikuwa mzito.

Jumatano, 12 Februari

Wahojaji wanakuja kesho. Mama mkwe kafanya usafi kama vile kuna posa. Kafagia uwanja mara mbili. Kasugua sufuria kwa majivu mpaka zinamulika. Vikombe vya chai vimeazimwa kwa Mama Tumaini. Kichanjani sahani tatu, kila moja imesimamishwa kwa heshima yake.

Nimemtuma Edina: mwambie Bibi hawa si wageni. Edina karudi: Bibi kasema mtu akiingia uwanjani ni mgeni.

Alhamisi, 13 Februari

Wamekuja saa nne. Binti mwenye kishikwambi na kijana wa kumshikia mwavuli. Binti kaniuliza jina, umri, kazi, ugonjwa. Nimejibu. Kwenye maswali ya chakula kasema anayejibu ni anayepika. Ndio utaratibu wao.

Nikainuka nitoke. Kauliza mbona natoka, si nikae tu nisikilize. Nikamwambia anayepika ni mama mkwe wangu. Kumbe naye ni wa huku, Mnyakyusa. Kaelewa.

Nimekaa nyuma ya nyumba, chini ya dirisha. Mama mkwe kaingia na chai na viazi vya kuchoma, ndivyo vya mwisho tulivyokuwa navyo. Kawakaribisha vizuri sana. Binti kauliza mnakula mara ngapi kwa siku. Mama kasema asubuhi, mchana na jioni. Kauliza kuna siku mmelala na njaa. Sauti ya mama ikapanda, ya mtu aliyetukaniwa nyumba:

"Mwanangu, mimi niko hapa kwa mkwe wangu. Mkwe wangu ananilisha vizuri. Sijalala njaa hata siku moja."

Hatuli mara tatu. Tunakula mara moja na uji.

Ningeweza kuingia. Ningesema nini? Mama anadanganya? Mbele ya wageni? Nimebaki pale pale na mgongo wangu ukutani. Mhojaji kamaliza, kashukuru kwa chai, kaondoka.

Nimekasirika. Najua kwa nini kasema vile. Ningekuwa mimi niko kwake Kilolo ningesema hivyo hivyo. Bado nimekasirika.

Jumanne, 18 Februari

Sokoni hakuna kitu. Jioni ugali umekuja mdogo, mboga ya majani ya maboga bila chumvi ya kutosha. Nimemuuliza Edina kama Bibi amekula. Kasema Bibi ameshakula kwa Mama Tumaini.

Mama Tumaini ana roho nzuri. Mdomo tu ndio tatizo.

Jumatatu, 24 Februari

Majina yamebandikwa ofisini. Letu halipo. Mtendaji wa mtaa kanieleza bila kuniangalia: kaya yangu imeonekana ina chakula cha kutosha. Jibu limetoka nyumbani kwangu, kasema, wao hawakulitunga.

Mwenye nyumba ya wageni naye hayupo. Tulisimama pamoja mbele ya ubao. Kaniambia tumeonewa. Nimeondoka kabla sijasema neno baya.

Jumanne, 25 Februari

Nimeenda kwa Mzee Ambokile. Jumapili kuna mkutano wa malalamiko. Nikauliza kama naweza kusimama mimi. Kasema naweza, lakini watauliza: yale ya mwanzo alisema nani? Mwenye maneno ndiye ayatengue. Nikisimama mimi nitakuwa namwita mama mkwe mwongo mbele ya mtaa mzima. Akisimama yeye atakuwa anasema mkwe wake hawezi kumlisha. Mzee kakuna kidevu. Kasema hii ni ngumu, bora ingekuwa kesi ya mpaka wa shamba.

Kakubali kwenda kuongea naye kwa niaba yangu. Jambo hili si la kumtuma mtoto.

Alhamisi, 27 Februari

Mzee Ambokile kakaa jikoni na mama mkwe mchana kutwa. Karudi kwangu amechoka.

Mama amekataa. Kasema asimame mbele ya watu amvue nguo mume wa marehemu binti yake? Bora arudi Kilolo. Kule kuna kaka yake, na wa kule hawamjui mkwe wake, hakuna atakayeaibika.

Jioni Edina kaniambia Bibi amefunga kitenge chake na blanketi. Kifurushi kiko nyuma ya mlango. Edina hakulia. Kauliza tu nani atamsuka Sekela, mdogo wake, kwenda shule. Nimemwambia hakuna anayekwenda popote. Nimesema kwa sauti ili isikike mpaka jikoni.

Sijui kama ilifika.

Jumamosi, 1 Machi

Nimejaribu kupakia magunia kwenye fuso, kazi ya vijana. Gunia la pili mgongo umegoma. Nimelala chali kwenye viazi vya watu mpaka Sanga kanichukua na pikipiki. Vijana walinicheka kidogo, halafu wakaacha kucheka. Kuacha kwao kumeniuma zaidi.

Mwalimu wa Sekela katuma neno kwamba mtoto anasinzia darasani. Ana miaka saba.

Nimelala sebuleni. Mama mkwe kaleta maji ya moto ya kukanda, kayaweka nje ya mlango, kagonga, kaondoka kabla sijafungua. Maji yalikuwa na majani ya mkaratusi.

Kifurushi bado kiko nyuma ya mlango.

Jumapili, 2 Machi

Naandika kwa mpangilio, maana kichwa kimevurugika.

Asubuhi Edina kaja: Bibi anauliza mkutano ni saa ngapi. Nikamwambia saa nane. Kaenda, karudi: Bibi kasema Baba asikae mahali atakapomwona. Nikakubali.

Nimesimama nyuma ya ofisi ya mtaa, kwenye tenki la maji. Ukuta kati yetu. Dirisha halina kioo, nilisikia kila kitu. Walalamikaji watatu walitangulia, wote wana sauti kubwa. Halafu mwenyekiti kasema, haya mama, sema.

Kaanza taratibu, Kiswahili chake cha Kilolo, anatafuta maneno.

"Mimi ndiye niliyesema tunakula vizuri. Nilisema kwa sababu niko nyumbani kwake. Ningesemaje? Mkwe wangu si mvivu. Mgongo ndio umemkatalia. Asubuhi uji, jioni ugali, basi. Watoto wanakula. Yeye nampelekea, anakula."

Mwenyekiti kauliza, na wewe mama?

"Mimi sili kila siku. Nikiona hautoshi, naacha. Watoto nawaambia nimekula kwa Mama Tumaini. Mama Tumaini yule pale. Muulizeni kama amewahi kunipa hata kiazi. Hajui. Ningeenda kula kwake, watu wangesema mkwe wangu ananinyima."

Sikusikia kilichofuata. Watu walikuwa wanaongea wote pamoja. Nilimsikia Mama Tumaini akisema jamani, jamani, halafu sauti yake ikafifia, nadhani aliziba mdomo kwa kanga.

Kila siku napita kichanjani. Sahani tatu. Yangu, ya Edina, ya Sekela. Mara nyingi nimeziona. Niliona ni safi tu.

Nimeona aibu. Si kwa sababu ya mtaa. Mtaa umeshasikia mengi. Heshima yetu ilikuwa ukuta mzuri, na yeye alikuwa anakaa na njaa upande wa pili.

Nimerudi kwa njia ya nyuma ili nisikutane naye barabarani. Nilimwona kwa mbali, anatembea na Mama Tumaini, kanga imefunika kichwa. Mama Tumaini alikuwa amemshika mkono. Hakuwa anaongea, Mama Tumaini yule yule.

Jumatatu, 3 Machi

Jina limewekwa. Mzee Ambokile kaleta habari.

Jumatano, 5 Machi

Nimemwambia Edina chakula changu kisije mpaka Bibi awe amekula. Kaenda. Karudi na sahani yangu imejaa. Nikauliza, Bibi amekula? Edina kasema, Bibi kasema ameshakula.

Maneno yale yale. Jikoni siwezi kuingia. Mtoto siwezi kumfanya askari wa bibi yake. Nimekula nusu, nusu nikairudisha. Baada ya muda nusu ile ikarudi kwangu, imefunikwa.

Tumerushiana ugali namna hiyo mpaka umepoa. Mwisho kapewa Sekela.

Jumatatu, 10 Machi

Mvua. Mgongo nafuu. Sokoni nimeshona magunia matano. Sanga kauliza habari za mama mkwe, nikasema mzima. Hakucheka safari hii. Habari zimefika mpaka stendi.

Kifurushi hakipo tena nyuma ya mlango. Blanketi nimeliona limeanikwa.

Ijumaa, 14 Machi

Jua. Mahindi yamekuja. Lori limesimama ofisi ya mtaa, dereva hakujua kurudi nyuma kwenye tope. Nimemwongoza. Mikono yangu bado inajua.

Gunia letu kalibeba kijana wa Mama Tumaini mpaka uwanjani. Limeshonwa kwa mashine. Watu hukata kamba ovyo kwa kisu. Mimi nimetafuta uzi wenyewe nikauvuta, mshono wote ukafunguka mara moja. Sekela kataka nirudie. Nimemwambia hadi mwezi ujao.

Edina na Mama Tumaini wamekwenda mashineni kusaga. Wakati huo nimefungua kabati la sebuleni. Kuna sahani ya bati yenye maua, ya marehemu mke wangu. Haijatumika tangu afe. Nimeifuta vumbi. Edina aliporudi nimempa. Nimemwambia, mpelekee Bibi, mwambie hii ni yake, na Baba anakaa na njaa mpaka aione kichanjani imelowa.

Edina kaniangalia kwanza. Halafu kaenda.

Hakuna jibu lililorudi. Moshi jikoni. Harufu ya ugali wa dona. Nimekaa kwenye kiti changu nimetazama mlango.

Jua lilipoegemea mlimani nimesikia vyombo vinaoshwa. Nimesubiri mpaka mama mkwe akaingia chumbani. Nikatoka.

Kichanjani, yangu haipo, maana sijala. Ya Edina. Ya Sekela. Ya maua, mwishoni kabisa, inachuruza maji.

Nimerudi ndani. Edina kaleta chakula. Nimekula.