Hakuna Atakayekimaliza

Jumatatu, 4 Machi

Wamekuja. Watatu wa kamati ya kukagua vitabu, lakini anayesema ni mmoja. Nimempa jina: Mlamba Kidole. Hawezi kufungua ukurasa bila kulamba kidole kwanza. Ameshika vitabu kumi na kitu leo, vyote vimebaki na mate yake. Mkuu wangu wa maktaba alisimama nyuma yake akichekacheka pasipo na kichekesho.

Agizo ni hili: vitabu vyote vinavyokosoa wakubwa vipitiwe. Chenye sumu kiondolewe, kikasagwe, na mwandishi aitwe kwa mahojiano. Hayo mahojiano tunayajua. Mwalimu wa hesabu wa mtaani kwetu aliitwa mwaka juzi. Mpaka leo mkewe anapeleka nguo safi kwenye geti la gereza na kurudi na chafu.

Wao hawana muda wa kusoma. Tutawasomea sisi. Kila kitabu na fomu yake: sentensi tatu za tathmini, halafu tiki — Kibaki au Kiondolewe — na sahihi chini.

Orodha ina vitabu arobaini na viwili. Namba kumi na saba ni kitabu alichoandika shemeji.

Jumanne, 5 Machi

Nimekisoma tena chote, mlango nimefunga. Kurasa mia na kumi tu. Mji ambako kuuliza "kwa nini" kumepigwa marufuku, na fundi viatu anayesahau kila siku. Anamwuliza mteja kwa nini soli imelika upande mmoja, mteja anaanza kueleza anakotembea, na kabla hajamaliza kueleza ameshasema yote yasiyoruhusiwa kusemwa. Mara ya kwanza nilikisoma miaka sita iliyopita, nikacheka peke yangu mpaka mama wa chai akachungulia kuona kama niko sawa. Leo sikucheka.

Shemeji ni mume wa dada yangu mkubwa. Walimfukuza ualimu kwa hicho kitabu. Sasa anafundisha watoto wa majirani sebuleni, wanakaa mpaka kwenye ndoo zilizopinduliwa.

Jumatano, 6 Machi

Nimeandika. Nakinakili hapa ili nisije nikajidanganya baadaye:

"Kitabu hiki kinachosha. Mwandishi hana hoja, ana manung'uniko tu. Hakuna atakayekimaliza."

Tiki kwenye Kibaki. Nani atahangaika kusaga kitu kisichouma? Nilijiona mjanja kweli. Halafu nikaenda kunawa mikono, nikanawa tena.

Ijumaa, 8 Machi

Imepita! Mlamba Kidole alisoma fomu yangu akacheka mpaka akavua miwani. Akamsomea Mkuu kwa sauti. Mkuu naye akacheka. Nikacheka na mimi — hicho ndicho kinachoniuma, kwamba sikulazimishwa, kilitoka chenyewe.

Vitabu kumi na vinane vimepakiwa kwenye gari. Cha shemeji kimerudi rafuni.

Jumapili, 10 Machi

Chakula cha mchana kwa dada. Shemeji akauliza kazi inaendaje. Nikasema vumbi tu, shemeji. Akasema vumbi la vitabu halijawahi kumwua mtu. Nilitaka kumwambia pale pale. Nikaomba chumvi.

Alhamisi, 14 Machi

Gazetini! Sentensi zangu tatu ndani ya kisanduku, na jina langu lote mpaka la babu. "Mtaalamu wa vitabu." Kichwa cha habari: wanaokosoa hawana hoja, asema mtaalamu. Saa saba mchana redio nayo ikasoma, mtangazaji akivuta maneno kama anatangaza mshindi.

Mkuu amebandika kipande hicho kwenye ubao wa matangazo. Pini nne. Barua zetu za likizo hubandikwa kwa moja.

Dada hajapiga simu. Dada ambaye hunipigia hata akiunguza chungu.

Ijumaa, 15 Machi

Amepiga. Hakupandisha sauti, afadhali angepandisha. Shemeji alisoma gazeti amesimama, akalikunja vizuri, akaliweka chini ya mguu wa meza unaocheza. Meza sasa imetulia, anasema.

Nikaeleza yote. Nilitaka kuwaokoa, dada. Akasema basi ungetuambia, mdogo wangu. Umenyamaza, kwa hiyo tulichobaki nacho ni ulichoandika. Akakata.

Ana haki. Najichukia.

Jumatatu, 18 Machi

Jambo la ajabu. Tumefungua saa mbili, kaunta ina foleni. Nesi aliyetoka zamu, sare bado mwilini, kaniambia anataka kile kitabu ambacho hakuna atakayekimaliza, aone kama kweli. Nyuma yake fundi umeme, anataka hicho hicho. Nyuma yake mama mmoja na miwani ya kuazima.

Tunacho kimoja tu. Nimewawekea daftari la zamu: usome humu humu, ukimaliza nakigonga muhuri wa tarehe nyuma, unampa anayefuata. Nesi amemaliza saa sita. Aliniangalia tu kama mtu aliyemfuma mwenziwe akidanganya.

Nilifurahi siku nzima. Mjinga mkubwa.

Alhamisi, 21 Machi

Mlamba Kidole amerudi. Hakufungua kitabu mwanzo, alikifungua nyuma, kwenye karatasi ya mihuri ya tarehe. Akalamba kidole. Akahesabu. Mihuri kumi na mmoja ndani ya siku nne.

"Ulituambia hakimalizwi. Mbona wanakimaliza?"

Nikasema watu wana udadisi tu, mzee. Akasema udadisi ndio ugonjwa wenyewe. Kisha akapekua kurasa za katikati, kidole mdomoni, kidole kwenye karatasi, bila kusoma hata mstari.

Anataka fomu mpya kesho saa sita mchana. Ama Kiondolewe, na sababu zenye uzito, ama nieleze kwa maandishi kwa nini niliidanganya kamati. Akanipiga begani. "Wewe ndiye unayejua kuandika. Safari hii andika ukweli."

Ukweli! Hapo ndipo tulipofika. Nikisema kitabu ni kizuri, kwamba hoja zake hazina jibu, natia sahihi ya kumpeleka shemeji kule getini. Na nisiposema hivyo naenda mimi.

Mkuu ameniletea kalamu mpya. Ameifungua hata kifuniko. Kinyaa.

Ijumaa, 22 Machi

Saa tano asubuhi. Naandika haya nyuma ya kaunta, fomu iko pembeni.

Dada amekuja; jana usiku nilimpigia nikamwambia. Amekaa meza inayonikabili, mkoba miguuni. Nilimfuata nikauliza mkoba wa nini. Akaufungua nione: mashati mawili, taulo, sabuni, ndala za shemeji. Anasema chochote nitakachoandika kiwakute wamejiandaa. Hakuniomba kitu. Shemeji je? Yuko nyumbani, anafundisha sehemu za kumi.

Saa tano na nusu. Nimeandika "Kitabu hiki" nikasita. Maneno yanakuja yenyewe, mengi, mazuri, tathmini bora kuliko zote nilizowahi kuandika. Karatasi ya pili, ile ya kukiri, bado nyeupe. Najua ipi ingekuwa ya mwanaume. Mkono uko kwenye fomu.

Kamati wanataka ushahidi, namba ya ukurasa. Pale fundi viatu anapomwuliza askari. Ukurasa wa sitini na nne, nadhani. Mkuu amepita mara mbili akitazama saa ya ukutani.

Saa sita kasoro dakika kumi. Kurasa za pale katikati zimegandana kwa mate ya yule mtu. Nimezivuta, hazikuachana. Nikalamba kidole, zikafunguka.

Nilipoinua macho, dada alikuwa ananitazama.