Mulango wa Madame Allegra

Schaerbeek, 9 Machi 2025

Mignonne,

Akili yako uliiacha kwenye tramu? Bon, nikusalimie kwanza, mujukuu wangu, wasiseme sikulelewa: kikohozi kimepona? Miye niko, magoti tu.

Arnaud, yule anayekushikia mikro, amenieleza yote. Jana samedi mulienda Auderghem kwa Madame Allegra na kamera, mukapiga kengele mara tatu. Unatengeneza film juu ya Wayahudi waliotoka Lubumbashi wakahamia huku, na Sabato yao ya samedi hauijui? Nilipikia mama yake miaka tisa kule Lubumbashi. Vendredi jua likizama, hakuna muntu wa nyumba ile aliyegusa moto wala taa mpaka kesho yake jioni. Njo maana hakufungua. Hata miye nisingefungua.

Kambo yako, Mwadi

Ixelles, 12 Machi 2025

Kambo mupenzi,

Shikamoo. Kikohozi kimeisha, pole na magoti. Nimekosa. Samedi njo siku Arnaud haendi kazi, sikuwaza mbali. Nimeandika kuomba musamaha, Madame hajajibu. Ni yeye tu amebaki anayekumbuka jinsi baba yake alivyotoka kisiwa cha Rhodes, na ndugu waliobaki kule wakachukuliwa wakati wa vita, hawakurudi. Bila yeye nina picha za majengo tu, na film inaonyeshwa tarehe 22 juin. Mbona haukuniambia ulipika kwao?

Mujukuu wako, Mignonne

Schaerbeek, 24 Machi 2025

Mignonne,

Uko muzima? Haukuniuliza kama nilipika kwao. Ulikuwa unapita jikoni kwangu na kamera yako, unakimbilia ma-professeur.

Jana dimanche, Sabato yao imeisha, nilienda mwenyewe. Nilibeba mayai kama ya mama yake, yale ya kuchemsha saa nyingi na maganda ya kitunguu mpaka yanakuwa kahawia. Alifungua kidogo, munyororo wa mulango haukutoka. "C'est pour quoi?" akauliza, ati ninataka nini. Nikamwambia, "Allegra, fungua, mayai yanapoa."

Akanitazama. "Mwadi? Umezeeka vibaya."

"Na weye umekuwa samaki mukavu."

Tulicheka mpaka jirani akachungulia. Alors, akaongea Kiswahili chetu, hakijashika kutu. Akataja shangazi za baba yake waliobaki Rhodes, wote saba. Nikauliza mbona hajawaambia batoto wake. Akasema, "Kwa Kifaransa nalia. Kwa Kiswahili ninaweza kumaliza."

Dimanche ijayo anakungoja. Utakula kwanza, kamera baadaye. Na usiweke sauti ya Kifaransa juu ya maneno yake, Kifaransa kiandikwe chini.

Kambo yako

Schaerbeek, 23 Juin 2025

Mujukuu wangu,

Umelala vizuri? Miye sikulala, nilikuwa nafurahi. Nimeona bantu wakisimama kwa ajili ya mawaziri, lakini jana film yako ilipoisha walisimama kwa moyo. Sitakusifu zaidi, utaharibika.

Allegra aliponishika bega mbele ya ukumbi wote akasema, "Huyu njo kwetu," nilitazama chini, usidhani nililia.

Sasa anataka kurudi Lubumbashi, aone nyumba yao, na anataka twende pamoja. Mwana wake mukubwa anakataa, ati mama ana miaka quatre-vingt-quatre, themanini na minne. Passeport yake ameificha. Kesho asubuhi nenda kwa huyo bwana, umusalimie vizuri, ukae, na usitoke pale mpaka akupe hiyo passeport mukononi.

Kambo yako, Mwadi