Mhuri Wako Bado Unafanya Kazi

Baba Isaka,

Sitakuuliza hali. Nakuandikia nikiwa na hasira, na ungekuwepo ungeniambia nikanywe maji kwanza, kisha nirudi niseme kwa mpangilio. Nimekunywa. Hasira haijaenda popote.

Ulikufa mvua kubwa zilipoanza. Tulikusindikiza, nikasimama kanisani wakati wenzangu wamekaa na nikakaa waliposimama, maana sisi wa msikitini hayo hatuyajui, na nililia mpaka dada zako wakaanza kunibembeleza mimi badala ya mjane. Nikasema basi, Mzee amepumzika. Halafu Jumatatu iliyopita nimekukuta kazini. Mhuri wako namba saba, umegongwa chini kwenye kadi ya pampu ya mafuta, wino wake mbichi kiasi kwamba ulinichafua kidole.

Karakana yetu ya Nakawa unaijua kuliko mimi, lakini niache nieleze kila kitu. Ndivyo ulivyonifundisha: kadi iandikwe kwa mtu ambaye hajawahi kukuona. Vifaa vya ndege za jeshi vinatujia kwa lori kutoka uwanjani kule ziwani, sisi tunavifungua, tunaviosha, tunabadilisha kilichochakaa, tunapima, tunarudisha. Kila kifaa na kadi yake, imefungwa kwa waya. Kimeruka jumla ya saa ngapi, kimebakiza ngapi, kimefanyiwa nini, na nani. Chini kabisa, mhuri wa mkaguzi. Ulikuwa ukisema kifaa kinazeeka kama mtu, ila hakioti mvi, mvi zake ziko kwenye kadi. Siku nilipoandika "pampu ni nzima" ulinirudishia kadi ukaniuliza kama nimeipima homa. Nikaandika upya nilichopima, kwa namba, na wewe ukanimegea muhogo wako. Ukishanipa muhogo nilijua nimefaulu.

Sasa kiti chako anakalia Kapteni, ametumwa na jeshi kutusimamia. Simchukii, na hilo nalo linaniudhi, kwa sababu ingekuwa rahisi zaidi kumchukia. Alikuja wiki ile ile tuliyokuzika, mtu mnene, mpole, anayekunywa chai bila sukari kama sisi sote siku hizi na hajifanyi kuwa anayo nyumbani. Lakini anaogopa. Na ana sababu. Unakumbuka yule mkaguzi wa uwanjani aliyeandika kwamba ndege fulani haifai kuruka? Wakamwita mharibifu, adui wa serikali. Walimchukua mchana watu wakiona, na kofia yake ingali kwenye msumari, hakuna anayethubutu kuiondoa. Tangu siku ile, ukikutoa wewe, hakuna mkaguzi anayetaka namba yake ionekane popote. Ulipokufa, kadi zikakaa benchini kama nguo chafu. Uwanjani wanapiga simu wanataka vifaa, na hakuna wa kugonga mhuri.

Ndipo Kapteni akafungua droo yako.

Hapo nakulaumu kidogo, nisamehe. Ulipelekwa hospitali na ovaroli mwilini, ukasema mchana utarudi, na mhuri ukabaki pale na kipande cha sabuni yako. Haukufutwa. Wewe uliyenifundisha kwamba mkaguzi akiondoka, akihamishwa, akistaafu, akifa, mhuri wake unapigwa tupa mbele ya mashahidi wawili mpaka namba iishe, kisha unagongwa mara ya mwisho daftarini ili lionekane duara tupu, na mashahidi wanatia sahihi. Jembe linarithiwa, ulisema, shamba linarithiwa, hata mke kwa wengine anarithiwa, lakini mhuri haurithiwi. Na wako ndio ambao hatukuufuta. Kila mtu alikuwa anaona haya kuwa wa kwanza kuugusa.

Kapteni aligonga kadi zote kwa siku moja. Akaziandikia tarehe za nyuma, za ulipokuwa hai. Nilipomuuliza akaniambia kwa upole, kama anayemwelewesha mtoto: "Kama mimi nasaini na ndege naanguka, mimi kwisha. Kama wewe nasaini, wewe kwisha. Mzee yeye alikwisha kwisha. Sasa acha Mzee asaini."

Na unajua wenzako walifanya nini? Walifurahi! Ssalongo wa stoo, baba wa mapacha, yule ambaye huwezi kupata hata msumari kwake bila kusalimiana kwanza habari za shamba na ng'ombe, akacheka mpaka akajishika kiuno. "Nnyabo, dada yangu, Mzee watamukamata wapi? Wachimbe kabuli?" Bahati, fundi wetu Mkongo, naye akasema marehemu anatulinda, tumwombee. Wanakupenda, Baba Isaka, na hilo ndilo lililoniumiza. Wamekufanya gogo la kujificha nyuma yake, kisha wanaita mapenzi. Wewe uliyemrudisha yule kanali na kreti yake ya bia kwa sababu breki alizotaka hazijapimwa! Mtu aliyekuwa akinywa chai yake nje nyuma ya mapipa mwezi wote wa Ramadhani ili nisisikie harufu, mtu aliyekuwa mwangalifu hivyo, leo anasema uongo kwa namba yake na hayupo kukana.

Mhuri wangu mwenyewe ulikuja mwezi uliofuata mazishi. Namba kumi na mbili. Nilitaka nikuonyeshe. Kapteni akaniambia niuweke tu, ningali mdogo, mama yangu yupo Bombo ananihitaji, nisijiandike popote. Alidhani ananisaidia. Labda alikuwa ananisaidia kweli. Nikauweka kwenye kasha la kiberiti.

Basi njoo kwenye ile pampu.

Nilipofuta wino kidoleni nikasoma juu ya kadi inatoka ndege gani. Ndege ya Isaka. Mwanao, Baba Isaka, aliyekupa jina tunalokuitia. Nikaifungua pampu mwenyewe. Mpira wa ndani umekakamaa kama soli ya kandambili ya zamani, umepasuka pembeni. Saa zake za kuruka zimekwisha na zimepitiliza. Mpira mpya stoo haupo, Ssalongo amepekua mpaka chini ya rafu, haupo, na hakuna anayejua utatoka nchi gani tangu wale wageni waliotufundisha wafunge mizigo yao. Na kadi inasema wewe umebadilisha mpira, umepima, umeridhika. Kwa tarehe ambayo, ukiangalia kitabu cha ndege, Isaka alikuwa hewani na pampu hiyo hiyo. Yaani ulikagua juu ya benchi kitu kilichokuwa mawinguni! Hata uongo wenyewe wameshindwa kuujaza vizuri.

Na siku ya matanga, Isaka alikaa nami kwenye mkeka, akaniambia kitu ambacho sikukipa uzito. Kwamba marubani wenzake wanakagua kadi neno kwa neno, lakini yeye akiona saba ya Baba haulizi, anapanda. Alisema akitabasamu. Na sherehe ya jeshi ilikuwa Ijumaa, ndege zipite juu ya wakubwa.

Nilimwendea Kapteni nikamwambia ni mtoto wa Mzee huyu. "Mimi najua," akasema. "Wewe nafikiri mimi hapana na watoto?" Kisha akaendelea kunywa chai yake. Ningefanya nini na jibu kama hilo? Ningempiga? Nilitoka nje nikasimama kwenye mapipa yako.

Kesho yake asubuhi, kabla hajafika, niliwaita Ssalongo na Bahati. Nikasema ninahitaji mashahidi wawili, kuna mhuri wa kufuta. Bahati akaniambia, "Dada Zamzam, tafadhali, achana na haya mambo, mimi ni mkimbizi, nikikimbia tena nitakimbilia wapi?" Nikasema sikulazimishi. Ssalongo alichezea funguo zake. Nilidhani atacheka tena. Akasema, "Hata kwetu, kiti ya malehemu hapana kaa juu yake mpaka tumalize lumbe, matanga ya mwisho. Sisi tumekaa juu ya Mzee. Si vizuli." Akaenda kuleta tupa yeye mwenyewe, akatoa ile nzuri anayoificha. Bahati alipoona hivyo akapiga ishara ya msalaba, akaubana mhuri kwenye jiliwa.

Nilipiga tupa mimi. Shaba ni laini kuliko nilivyodhani. Saba yako ilitoka mkia kwanza, kisha kichwa. Nilikuwa nalia na nakasirika pamoja, hata sijui machozi yalikuwa ya lipi, na Bahati alikuwa anasema taratibu, taratibu, kama vile kuna mtu tunayeweza kumwamsha. Tukagonga daftarini. Duara tupu. Wakatia sahihi, Ssalongo kwa herufi kubwa kama za mlango wa duka.

Ndipo nikaichukua kadi ya pampu. Sikuchana, sikufuta kwa wembe. Nilipiga mstari mmoja juu ya uongo ili anayetaka kuusoma ausome, kama ulivyonifundisha. Nikaandika chini yake: mkaguzi wa mhuri huu amefariki, kazi iliyotajwa hapo juu haikufanyika. Nikaandika saa zilizopitiliza, mpira nilivyoukuta, na mwisho, haifai kuruka. Nikatia jina langu lote, la baba na la babu. Nikafungua kasha la kiberiti. Kumi na mbili yangu ilikuwa bado ina mafuta ya kiwandani, ilibidi niifute kwa kitambaa ili ishike wino.

Kapteni alikuta vumbi la shaba benchini wakati lori limeshaondoka na pampu na kadi yake. Niliisubiri sauti yake. Hakupaza. Alifuta vumbi lile kwa kiganja chake, akalikusanya pembeni vizuri, akasema, "Binti, umejiandika." Basi. Mpaka leo hajanisemesha.

Ndege ya Isaka haikuruka Ijumaa. Zilipita nyingine, tulizisikia kutoka Nakawa, na kila moja nilikuwa najiuliza ina kadi gani. Jumamosi alikuja karakana, amevaa kiraia, na ile kadi mfukoni. Hakunisalimia. Aliilaza benchini akaweka kidole juu ya saba yako chini ya mstari wangu. Nilikuwa nimejiandaa kwa maswali yote, nani aliamuru, kwa nini, tangu lini. Hakuuliza hata moja.

"Kumbe Baba amekufa kweli," akasema.

Na hapo akalia, mtu mzima, rubani, mbele ya Ssalongo na Bahati, kilio ambacho hakulia siku ya mazishi. Nilimmegea muhogo.

Leo ni Jumapili mchana. Nimekaa chumbani na jirani anapika maharage yasiyo na chumvi na redio yake inasifu sherehe. Jana jioni gari lisilo na namba lilisimama ng'ambo ya karakana, na mtu mwenye miwani akamuuliza mlinzi kumi na mbili ni nani. Mlinzi akasema hajui kuhesabu. Mama ametuma ujumbe niende Bombo kwa wajomba nikatulie kwanza. Sijaamua. Nataka kwenda, nakiri. Lakini kuna jenereta mbili benchini na kadi zake ni tupu, na nikiondoka najua watatafuta marehemu mwingine.

Ngoja nikuambie kinachonichoma kuliko lile gari. Ssalongo ananiita shujaa. Bahati ananiombea. Mimi nilijaza kadi tu! Niliandika mpira umepasuka kwa sababu umepasuka. Imekuwaje nchi hii mpaka hilo liwe ushujaa? Wewe ulilifanya maisha yako yote, ukarudi nyumbani ukala ukalala, na hakuna aliyekuita chochote. Nilitaka kazi kama hiyo, ya kuchosha, ya kawaida, mpaka nizeeke nayo. Wameninyang'anya.

Mama Isaka anapanda basi kesho kwenda Arua kukusafishia kaburi. Nitampa barua hii na vumbi la shaba, nimelifunga kwenye kitambaa, avifukie hapo kichwani pako. Usihofu, hajui ni nini, ameambiwa ni kitu chako cha kazini.

Nakuahidi jambo moja, wala si kubwa. Mahali popote nitakapokuwa, Nakawa au Bombo au kwingine wanakopeleka watu, sitaandika nisichokipima, na sitaandika kwa jina lako nilichopaswa kuandika kwa langu.

Pumzika sasa, Baba Isaka. Saba imefungwa. Na kama kuna anayeuliza huko uliko nani aliyeizuia ndege ile, usinifiche kama tulivyokufanya wewe utufiche sisi. Sema ni Zamzam.