Ukoo Mmoja na Tumbaku

Jumatatu, 4 Agosti

Upepo tena. Vumbi la Ipagala limeingia mpaka kwenye kopo la sukari. Nimempa baba mkubwa vidonge vyake vyekundu kabla ya uji. Anaokota kimoja kimoja na kukikagua mbele na nyuma, kama mtu aliyeitwa kununua mbuzi mgonjwa. Akimaliza kumeza anauliza lile lile: leo ugoro vipi? Hakuna ugoro. Nesi alikataza, mimi nimekataza, mapafu yenyewe yamekataza. Ananuna.

Lakini yu hai. Hilo niliandike, maana mwezi wa tano sikutegemea. Alishuka kutoka Bahi akiwa koti lenye mifupa ndani. Sasa anakwenda dukani na kurudi bila kukaa njiani. Makohozi yamepimwa, hayana vimelea vya kifua kikuu. Imebaki awamu ya pili tu, vidonge vya RH, asubuhi baada ya asubuhi, bila kuruka. Akiruka, ugonjwa unarudi ukiwa umeshazijua dawa.

Shuleni nimefundisha majina ya misombo ya kaboni. Kidato cha sita, na hawajui asidi na haidrazidi vinatofautianaje. Binti mmoja kaniambia haidrazidi ni haidrojeni iliyokasirika. Darasa zima likacheka. Mimi sikucheka. Hawa ndio watakaotutibu tukizeeka.

Alhamisi, 7 Agosti

Nimepangiwa zamu. Natakiwa shuleni kabla jua halijachomoza. Mume wangu yuko Tabora kikazi, kwa hiyo wa kumsimamia mzee akimeza dawa ni Joeli, mdogo wa mume wangu. Joeli anasoma chuo, anakaa kwangu, anakula kwangu, na hajawahi kuosha hata kijiko. Nesi Zuhura wa kituo cha afya anasema msimamizi si lazima awe mtaalamu, awe tu mtu mwenye akili timamu. Nimemteua Joeli kwa kukosa mwenye sifa.

Jumapili, 10 Agosti

Tumetoka kanisani, nimepika ugali wa uwele na mlenda. Joeli kaanza, kinywa kimejaa. Eti amegundua jambo. Eti RH kwenye pakiti ya dawa ni kundi la damu. Na kwa kuwa baba mkubwa hajapimwa damu, huenda anakunywa dawa ya mtu mwingine. Kasoma kwenye kundi la simu. Mwanachuo huyo! Serikali inamkopesha fedha za kusomea ujinga wa aina hiyo.

Sikumwachia. Nilimfundisha pale pale mezani. R ni rifampisini, H ni isoniazidi. Akauliza, akidhani amenikamata, mbona isoniazidi haianzi na H. Nikafurahi aliponiuliza. Kwa sababu, nikamwambia, jina lake kamili la kikemia ni haidrazidi ya asidi ya isonikotiniki. Haidrazidi ndiyo H. Unachukua asidi, unainyang'anya kipande cha oksijeni na haidrojeni mkiani, unaipachika naitrojeni mbili zilizoshikana. Hiyo ndiyo haidrazidi. Na nikotiniki ni kwa sababu wakemia wa zamani waliipata asidi ya namna hiyo kwa kuivunjavunja nikotini.

Baba mkubwa akaacha kutafuna. Akauliza nikotini ni nini.

"Ile iliyomo kwenye tumbaku, baba."

"Kumbe. Kwa hiyo hii dawa na tumbaku ni ukoo mmoja."

"Kwa jina, ndiyo, ukoo mmoja. Lakini kazi zao..."

Akaitikia kwa kichwa polepole, ameridhika, akanawa mikono. Joeli aliinamia simu yake kwa aibu. Vizuri. Mtu asiyejua anyamaze mbele ya anayejua. Nimeosha vyombo huku naimba.

Jumatano, 20 Agosti

Mzee amekuwa mtiifu ajabu. Haombi tena ugoro. Hanuni. Joeli anaapa kwamba dawa anampa kila siku. Hayo ndiyo matokeo ya kumweleza mtu kitu kwa kina badala ya kumwimbia.

Maana kituoni wanaimba. Nimepita leo kuchukua dawa, nesi Zuhura alikuwa anawafundisha wagonjwa kibwagizo: meza dawa, maliza dawa. Watu wazima wanapiga makofi. Nikamuuliza kwa nini asiwaeleze dawa zenyewe ni nini. Akacheka, akasema, "Mwalimu, mimi nataka wameze tu." Kazaliwa Majengo, katika watu wa biashara, na anaigawa sayansi kama anayeuza karanga. Nimemwonea huruma.

Baba mkubwa anapiga chafya sana. Vumbi hili litatuua.

Jumamosi, 30 Agosti

Nilikuwa nafua. Leso ya baba mkubwa ina madoa mekundu. Si doa moja. Leso nzima.

Damu.

Nimeketi kwenye ndoo iliyogeuzwa, leso mkononi, sijui kwa muda gani. Kikohozi nacho kimerudi, nakisikia hapa ninapoandika. Nilijiambia wiki nzima kwamba ni vumbi. Naogopa. Huyu ndiye aliyenichukua baba alipokufa, akauza ng'ombe nikasoma. Sina baba mwingine.

Jumapili, 31 Agosti

Sikwenda kanisani. Nimemuuliza kama anakohoa damu. Akasema hapana, tena kwa dharau, kama nimemuuliza kama anaiba kuku. Joeli akasema labda ni nyanya. Nyanya! Nilitoka nje nisije nikamrushia sahani.

Ila kitu kimoja kinanisumbua. Damu ikikauka huwa hudhurungi, halafu nyeusi. Haya madoa yamekauka na rangi ya udongo mwekundu, pembeni yamekuwa ya chungwa.

Jumatatu, 1 Septemba

Nimeichukua leso mpaka maabara ya shule. Kwanza nilijidunga kidole kwa pini, nikadondosha damu yangu kwenye kitambaa, nikamwagia haidrojeni peroksaidi. Povu jeupe, kama inavyopaswa. Halafu leso. Hakuna kitu. Nikamwaga tena. Hakuna. Madoa yalitulia yananitazama.

Si damu. Nilicheka peke yangu kama kichaa. Kisha nikaacha kucheka, maana kitu chekundu kinachochafua rangi ya chungwa ndani ya nyumba yangu ni kimoja tu. Rifampisini.

Kwenye leso. Si tumboni. Kwenye leso.

Nimemkuta uani, kwenye kigoda. Nikamsalimu, "Shikamoo baba," akaitikia, nikamwomba anionyeshe anachonusa. Hakuficha hata kidogo. Akatoa kikopo, akafungua. Ugoro uliochanganywa na unga mwekundu. Anavisaga vidonge kwenye jiwe, anachanganya, ananusa asubuhi na jioni. Ugoro analetewa na Joeli kutoka sokoni Majengo. Joeli aliambiwa na mzee kwamba mwalimu ameruhusu. Joeli hakuniuliza. Joeli alikuwa anamwachia vidonge mezani na kurudi kulala.

Nilipiga kelele. Majirani walisikia, na wasikie. Baba mkubwa alisubiri niishiwe pumzi.

"Ulisema mwenyewe mezani. Ukoo mmoja."

"Nilisema jina, baba! Jina!"

"Tumbaku haimezwi, mwanangu. Ukiimeza inakwenda tumboni. Ugonjwa uko kifuani. Njia ya kifua ni pua."

Nikamwambia ni ujinga. Nimewahi kumwambia mkuu wa shule hivyo, na mchungaji pia. Yeye, kamwe. Ukoo ni wa majina tu, nikasema, huwezi kukiweka kitu kimoja mahali pa kingine kwa sababu ya ukoo.

Akafunga kikopo.

"Baba yako alipokufa nilikaa mahali pake. Kwa sababu gani? Ulinikataa?"

Nilikuwa na jibu la kikemia. Naitrojeni mbili, pete ya atomi, kona yake. Lilikuwa mdomoni kabisa. Nikaingia ndani.

Jumanne, 2 Septemba

Tumekwenda kituoni. Nimemweleza nesi Zuhura kila kitu. Nilingoja acheke. Hakucheka. Alimpa mzee kikopo cha makohozi na kumwelekeza pa kukoholea.

Ijumaa, 5 Septemba

Vimelea vimeonekana. Vimerudi.

Wamechukua makohozi mengine kwa kipimo kikubwa, cha kuangalia dawa ipi bado inaviua. Majibu yatachelewa. Wakati huo huo anaendelea na vidonge, nammezesha mwenyewe. Nimemwambia mkuu wa shule sitafika alfajiri tena. Akaanza kunieleza juu ya utaratibu wa zamu. Nikamkatiza. Mtu aliyepata cheo kwa kupanga viti vya mahafali asinifundishe utaratibu.

Jumamosi, 20 Septemba

Joeli kaomba msamaha. Kaleta soda, kama tumefiwa na kuku. Kasema yeye hakujua. Nimemjibu kwamba kutokujua ndiyo kazi pekee anayoifanya kwa bidii. Akalia. Sikutegemea. Analia vibaya, kamasi mpaka kwenye kidevu. Kasema, "Shemeji, ulivyonisuta siku ile mbele ya mzee, nilijiapiza sitakuuliza kitu tena."

Nimemdharau kwa kulia. Nimemdharau zaidi kwa kuwa alisema kweli. Soda sijainywa. Nimempa baba mkubwa.

Mzee amepungua. Koti linaanza tena kumvaa. Usiku anahema kwa sauti na mimi nahesabu, sijui nahesabu nini.

Jumapili, 28 Septemba

Mchungaji kaja kumwombea. Kasema magonjwa haya huletwa na kukosa imani. Nimemsindikiza mpaka getini haraka kuliko alivyoingia. Kemia imenifanyia ubaya mwaka huu, lakini angalau haijawahi kuja kwangu kula chakula na kumtukana mgonjwa wangu.

Baba mkubwa aliniuliza baadaye, kwa sauti ndogo, kama amekosa imani. Nilisema hapana. Akauliza kama amekosa akili. Nilisema hapana. Hilo la pili lilinichukua muda, na alisikia kwamba limenichukua muda.

Jumatatu, 6 Oktoba

Darasani leo tumerudi kwenye haidrazidi. Kuna matumizi ya kusoma, yako kwenye kitabu: dawa ya kifua kikuu. Niliandika jina zima ubaoni. Nikageuka. Yule binti wa haidrojeni iliyokasirika akanyoosha mkono, akauliza nikotiniki inatoka wapi.

Nimesema ni jina tu, tuendelee. Akanitazama kwa dharau. Ninaijua dharau hiyo, ni ya kwangu kabisa, nimewafundisha vizuri.

Alhamisi, 9 Oktoba

Majibu yametoka. Nesi Zuhura alitukalisha chumba cha ndani. R bado inafanya kazi. H haifanyi. Vimelea vya baba mkubwa haviiogopi tena isoniazidi. Nilimuuliza kama ni kwa sababu ya ugoro. Akasema huenda, au huenda alikuja navyo hivyo tangu Bahi. Hakuna atakayejua. Kasema hivyo kwa upole, na nimeshindwa kumchukia.

Ameandikiwa dawa nyingine, anaanza upya, safari ndefu zaidi ya ile ya kwanza. Amepewa vidonge vya kwanza hapo hapo, na maji kwenye kikombe cha plastiki. Vilikuwa na majina. Ninayajua yote na kila yalikotoka.

Nikamshikia kikombe.

Akameza kimoja kimoja bila kukagua. Alipomaliza akaniegemea, akafungua kinywa, akainua ulimi, nitazame ndani. Hakuna aliyemwambia afanye hivyo. Mzee aliyenibeba mgongoni kuvuka mto Bubu, amefumba macho, anangoja nimkague.

Nikatazama. Hamkuwa na kitu. Nikamwambia, "Tayari, baba," akafunga mdomo, tukaenda kutafuta bajaji.