Kirukanjia Kwenye Tuta Langu

Kalahari, Botswana

Mama yangu,

Shikamoo. Na wewe Dafroza mdogo wangu unayemsomea, soma polepole, usiruke mahali hata ukiniona mjinga. Mama, goti linaendeleaje na baridi hii ya Juni? Wanangu Rehema na Yustina hawakusumbui? Nasikia mtaani kwetu Majengo sasa kila mlango ni duka. Mimi huku duka la karibu ni safari ya siku nzima. Mwili ni mzima, ila moyo umechoka, na leo nakueleza kwa nini.

Unajua tangu serikali ilipotupunguza kazini sisi mabibi shamba, niko huku kwenye kituo cha utafiti cha Daktari, mama wa Kizungu anayemtafuta kirukanjia wa jangwani. Usicheke! Ni ndugu yake yule wa kwetu mwenye pua ndefu, ambaye paka humuua halafu akamwacha kwa harufu yake. Wa huku ni mdogo kuliko kidole gumba changu, rangi ya majivu. Anakaa mchangani chini ya mashina ya nyasi, anakula wadudu, na maji ya kunywa hana habari nayo. Daktari anataka kujua nchi ya mnyama huyu inaishia wapi. Kila asubuhi nakagua ndoo tulizofukia ardhini, ambamo hutumbukia akipita. Ng'ambo ya korongo kavu yupo. Upande wetu, miaka yote, hajaonekana hata mmoja. Wafadhili wakasema akipatikana upande huu, kituo kitaendelea miaka miwili mingine. Asipopatikana, tufunge.

Basi akapatikana! Akaja wa pili, na wa tatu. Daktari alinikumbatia mpaka kofia yake ikaanguka. Akatia alama nyekundu kwenye ramani, akawaandikia wafadhili.

Mama, hapo ndipo penye aibu yangu. Daktari alipokuwa likizo kwao, nilishikwa na hamu ya nyumbani. Nikachukua jembe, nyuma ya kibanda changu nikapiga matuta ya duara kama yetu ya Ufipa, nikafukia nyasi ndani, nikawa namwagia maji ya kuoshea vyombo, nikapanda maharage. Na amri ya kituo ni moja tu, ardhi ya ndani ya uzio isiguswe! Nyasi zikaoza, wadudu wakajaa, pakawa na ubaridi. Wiki moja baada ya shangwe zile nikafukua tuta moja, namkuta kirukanjia ananikodolea macho. Korongo alilivuka kwa ajili ya matuta yangu tu.

Nilikaa kimya siku tisa. Nikajiambia, nani atajua? Miaka miwili ya chakula na shule, mama! Lakini kila nikipita mbele ya ramani, ile alama inanisuta. Siku ya kumi nikamshika Daktari mkono, nikampeleka nyuma ya kibanda.

Hakunifokea. Heri angefoka. Alisema tu, "Yabomoe, tuone kama watabaki."

Nikabomoa mwenyewe. Kwenye tuta la mwisho akachomoka mama kirukanjia na watoto wanne nyuma yake, kila mmoja amemng'ata mwenzake karibu na mkia, msururu mmoja, wakakimbilia korongoni. Nililia palepale na jembe mkononi, wala sikuona haya. Wiki tatu tukakagua ndoo, zote tupu. Alama imefutwa, na kituo kinafungwa mwisho wa mwezi ujao.

"Ungeweza kunyamaza," Daktari aliniambia juzi tukifunga masanduku.

"Hata mimi ndivyo ninavyojiambia kila siku," nikamjibu. Akacheka, na macho yake yamejaa machozi.

Msalimie mjomba anayelima Muze, na shangazi wa Milanzi anayeniombea kila Jumapili. Mwambie asiache sasa, maana narudi sina kazi. Dafroza, nawe msalimie shemeji.

Mama, ukiona nimekosea, niambie, nitasikiliza. Ila uniambie tukiwa wawili. Rehema na Yustina wataulizwa na wenzao kwa nini mama yao amerudi mikono mitupu, na jibu hilo nataka walisikie kwangu kwanza.

Ni mimi mwanao,
Leonia