Chaguo Langu la Pili

Mdogo wangu mpenzi,

Sisi wazima, cherehani yako bado inakwaruza vilevile. Jana ushirika wetu wa ushonaji ulichagua mwenyekiti, nikapewa kazi ya kuhesabu.

Kila mtu aliwapanga wagombea: wa kwanza, wa pili, wa tatu. Msimamizi, yule aliyekufukuza kazi ukiwa na mimba ya miezi saba, alipata kura kumi na nane. Mkata vitambaa kumi na tano, mpiga pasi nane. Hakuna aliyevuka nusu, basi mpiga pasi akatolewa, na kura zake nikawagawia walioandikwa wa pili.

Tano zikaenda kwa mkata vitambaa, mbili kwa msimamizi: ishirini kwa ishirini. Karatasi ya mwisho ilikuwa na mwandiko wangu.

Nilimchagua mpiga pasi. Mkata vitambaa nilikuwa nimemnunia kwa kunivunjia mkasi, nikaona nafasi ya pili si kitu, nikalitupia lile jitu lililokufukuza. Nikaiweka kwenye fungu lake kwa mkono wangu mwenyewe. Likanipigapiga begani: “Kazi nzuri, dada.”

Nimeoga mara tatu.

Ni mimi dada yako, kama bado utaniita hivyo.